Admirali Cronstedt na Siku Zake Mbili

Leo tutasoma habari ya mtu mmoja wa manowari, mtu wa nchi ya mbali, aliyeishi zamani. Jina lake Carl Olof Cronstedt. Usiliogope jina hilo kwa sababu ya herufi zake nyingi. Litamke hivi: Kron-stet.

Nataka uandike katika daftari lako tarehe mbili. Ya kwanza ni 9 Julai, 1790. Ya pili ni 3 Mei, 1808. Katika tarehe ya kwanza mtu huyu alisaidia kushinda vita vikubwa vya baharini. Katika tarehe ya pili alitoa ngome imara kuliko zote za nchi yake akaikabidhi kwa adui, na kuta zake zilikuwa bado nzima. Mtu ni yule yule, na adui ni yule yule. Basi ilikuwaje? Swali hilo ndilo somo letu la leo.

Kwanza tuifahamu nchi yenyewe. Kama darasa lenu lina ramani ya dunia, tazameni juu, upande wa kaskazini wa Ulaya. Mtaona bahari iliyozungukwa na nchi karibu pande zote. Hiyo ndiyo Bahari ya Baltiki. Upande wa magharibi iko Uswidi, upande wa mashariki iko Ufini, na mbele zaidi mashariki iko Urusi. Katika karne ya 18 Ufini haikuwa nchi peke yake. Ilikuwa sehemu ya ufalme wa Uswidi, nayo ilikuwa imekuwa hivyo kwa miaka mamia. Kwa hiyo kila mara Waswidi na Warusi walipogombana, ni ardhi ya Ufini iliyokanyagwa na majeshi.

Sasa kuna mambo mawili juu ya bahari hiyo ambayo ni lazima uyajue, maana bila hayo hutafahamu habari hii. La kwanza, pwani ya Ufini ina visiwa vidogo maelfu kwa maelfu, na katikati yake maji ni machache na miamba ni mingi. Mabaharia wetu wa pwani wanajua vizuri kwamba chombo kikubwa hakipiti kila mlango. La pili, wakati wa baridi kali bahari ile huganda. Maji ya juu huwa barafu ngumu hata mtu huweza kutembea juu yake, na farasi akavuta mizigo. Merikebu zilizo bandarini hukwama mahali pale pale mpaka barafu iyeyuke.

Kwa sababu ya visiwa hivyo, Waswidi walijenga jeshi la pili la baharini, mbali na manowari zao kubwa. Jeshi hilo lilikuwa la vyombo vidogo vyenye kwenda kwa makasia na matanga pia. Fundi mkuu aliyechora vyombo hivyo aliitwa Fredrik Henrik af Chapman, aliyezaliwa mwaka 1721 katika mji wa Göteborg. Mashua zake za vita zilipita katika maji machache, nazo zilibeba mizinga mikubwa, mmoja omo na mmoja tezi, yenye kurusha risasi za chuma zenye uzito mpaka ratili 24. Mashua ndogo ni vigumu kuilenga, lakini mzinga wake huumiza kama mzinga wa merikebu kubwa.

Tena, tangu mwaka 1748, Waswidi walijenga ngome juu ya visiwa vilivyo mbele ya mji wa Helsinki. Wakaiita Sveaborg, yaani Ngome ya Waswidi. Kazi hiyo ilisimamiwa na Augustin Ehrensvärd kwa miaka mingi, nayo ilikula fedha nyingi mno. Kuta zake zilikuwa za mawe mazito, na ndani yake mlikuwa na gudi ya kutengenezea vyombo. Watu waliokuja kuitazama walisema kwamba hakuna jeshi litakaloweza kuiteka.

Basi Cronstedt alizaliwa mwaka 1756, huko huko Ufini, karibu na Helsinki. Alipokuwa kijana aliingia katika kazi ya manowari, kisha akapata ruhusa ya kwenda kutumika katika manowari za Uingereza wakati wa vita vya Marekani vya kupigania uhuru. Huko alijifunza kazi kwa vitendo. Aliporudi kwao alikuwa ofisa anayeaminiwa.

Mwaka 1788 Mfalme Gustav III wa Uswidi alianza vita na Urusi. Vita hivyo havikwenda kama alivyotumaini. Mwezi wa Agosti 1789, vyombo vya Waswidi vilishindwa katika mlango mmoja wa bahari kusini ya Ufini uitwao Svensksund. Mwaka uliofuata mambo yalikuwa mabaya zaidi. Manowari za Mfalme, pamoja na Mfalme mwenyewe, zilifungiwa na Warusi katika ghuba ya Viborg karibu mwezi mzima. Tarehe 3 Julai, 1790, zilitoka kwa nguvu katikati ya moto wa mizinga, zikapoteza merikebu kubwa kadhaa. Vyombo vidogo vilivyosalia vilikimbilia Svensksund, mahali pale pale waliposhindwa mwaka uliotangulia.

Wakati huo Cronstedt hakuwapo Viborg. Alikuwa akija na kikosi cha vyombo kutoka Pommern, nchi ya pwani ya kusini ya Baltiki ambayo siku zile ilikuwa chini ya Uswidi. Tarehe 6 Julai alifika Svensksund akiwa na vyombo wapatavyo 40. Fikiri furaha ya mabaharia wale waliochoka walipoyaona matanga yake! Mfalme alikuwa amiri jeshi kwa jina, lakini kazi ya kuongoza mapigano ilitiwa mikononi mwa Cronstedt.

Alifanya nini? Alivipanga vyombo katika mlango ule kwa mstari uliopinda, visiwa vikiwa ngao pande mbili, na omo za mashua zenye mizinga zikimwelekea adui. Kisha akangoja. Jemadari wa Warusi, Mwanamfalme Nassau-Siegen, aliona hana haja ya kungoja. Tarehe 9 Julai ilikuwa sikukuu ya Malkia Catherine wa Urusi, siku aliyokalia kiti cha enzi, naye alitaka kumpa Malkia ushindi kuwa zawadi. Akashambulia asubuhi, upepo ukimsukuma kutoka nyuma.

Upepo huo ulikuwa rafiki yake asubuhi, ukawa adui yake jioni. Ulizidi nguvu, na mawimbi yakakua. Wavuta makasia wa Kirusi walikuwa wamechoka. Vyombo vyao vilisukumwa mbele katika moto wa mizinga ya Waswidi wala havikuweza kurudi nyuma kwa urahisi. Vingine viligongana, vingine vikapanda mwamba, vingine vikazama. Mapigano yaliendelea mpaka usiku, na yakamalizika siku ya pili. Warusi walipoteza vyombo zaidi ya 50 na watu maelfu waliokufa au kutekwa. Waswidi walipoteza vyombo vichache tu. Mwezi uliofuata, tarehe 14 Agosti, mataifa hayo mawili yalifanya amani, na Uswidi haikupoteza ardhi yo yote.

Hiyo ndiyo siku ya kwanza katika daftari lako. Cronstedt alikuwa na umri wa miaka 33.

Sasa tufunge matanga tupumzike kidogo, kisha tuende kwenye siku ya pili.

Baada ya vita Cronstedt alipanda cheo upesi. Mwaka 1792 Mfalme Gustav III alipigwa risasi katika ngoma ya usiku huko Stockholm, akafa. Lakini Cronstedt aliendelea kupanda, hata akawa mshauri mkuu wa serikali katika mambo yote ya manowari. Kisha akaja mfalme mpya, Gustav IV Adolf, mwana wa yule aliyeuawa. Mfalme huyu na Cronstedt hawakupatana. Mwaka 1801, wakati Waingereza walipoushambulia mji wa Copenhagen, manowari za Uswidi hazikuwa tayari kutoka, na Mfalme akakasirika. Cronstedt akaondolewa katika cheo chake. Akapelekwa mbali na mji mkuu, kwenda kutumika Sveaborg, na huko akawa mkuu wa ngome. Kwa mtu mwingine kazi hiyo ingekuwa heshima. Kwake yeye aliyezoea kukaa karibu na kiti cha mfalme, ilikuwa kama kuambiwa toka.

Mwaka 1807 Mfalme wa Urusi, Alexander I, alipatana na Napoleon wa Ufaransa. Wakataka Uswidi iwafungie Waingereza bandari zake. Mfalme wa Uswidi akakataa. Basi mwezi wa Februari 1808, katikati ya baridi, Warusi wakaingia Ufini. Walichagua wakati wa baridi kwa akili. Bahari ilikuwa imeganda, kwa hiyo msaada kutoka Uswidi usingeweza kufika kwa meli. Na ngome ya Sveaborg, ambayo wakati wa joto imezungukwa na maji, sasa ilizungukwa na barafu ambayo askari wangeweza kuipita kwa miguu.

Tarehe 2 Machi Warusi waliuchukua mji wa Helsinki, wakaizingira ngome. Hebu tufanye hesabu, maana hesabu ni sehemu ya historia. Ndani ya ngome mlikuwa na watu wa vita wapatao 7,000, na mizinga zaidi ya 700. Bandarini palikuwa na vyombo vya vita wapatavyo 110, vile vile vya namna iliyoshinda Svensksund. Warusi waliokuwa nje hawakuwazidi kwa wingi, na mizinga yao ya kuzingira ilikuwa yapata 60 tu. Walirusha risasi siku kadhaa wasidhuru sana. Watu waliokufa ngomeni walikuwa wachache mno.

Basi jemadari wa Kirusi aliyehusika na kazi hiyo, Jan Pieter van Suchtelen, akatumia silaha nyingine. Silaha hiyo ilikuwa habari. Ngome iliyozingirwa ni kama mtu aliyefungiwa chumbani. Hajui lo lote la nje isipokuwa kile anachoambiwa mlangoni. Warusi walikubali kuzungumza, tena kwa adabu sana. Walizungumza na ofisa aliyetumwa na Cronstedt, Kanali Jägerhorn. Katika mazungumzo hayo ngome ilipata magazeti waliyoyachagua Warusi wenyewe. Ilisikia kwamba jeshi la Uswidi linarudi nyuma, jambo ambalo lilikuwa kweli. Ilisikia pia kwamba msaada hautakuja, jambo ambalo hakuna aliyelijua kwa hakika. Ndani ya ngome walikuwamo wake na watoto wa maofisa, na hofu yao ilizidisha hofu ya waume zao. Cronstedt akahesabu baruti yake, akaona haitatosha. Akahesabu adui zake kwa macho ya mtu mwenye shaka, akaona ni wengi kuliko walivyokuwa.

Tarehe 6 Aprili alitia sahihi mapatano. Mapatano hayo yalisema hivi: ikiwa manowari kubwa tano hazitafika kuisaidia ngome kabla ya saa sita mchana tarehe 3 Mei, ngome itakabidhiwa. Kwa muda huo mapigano yatasimama. Visiwa vidogo vitatu vya ngome vitatolewa kwa Warusi mara moja, kama rehani. Wajumbe wataruhusiwa kwenda kumpasha habari Mfalme. Vyombo vya vita vitarudishwa kwa Uswidi baada ya vita, lakini iwapo tu Waingereza watawarudishia Wadenmark manowari walizowanyang'anya mwaka 1807.

Soma tena sharti la kwanza, ndugu yangu. Manowari kubwa tano, wakati bahari imeganda! Na sharti la mwisho lilitegemea Waingereza, ambao hawakuwa na habari ya mapatano hayo. Maofisa wengi katika baraza la vita walikubaliana na Cronstedt, wala hakuamua peke yake. Lakini sahihi ilikuwa yake.

Wajumbe walikawizwa njiani. Walipofika Stockholm muda ulikuwa umekwisha. Tarehe 3 Mei, 1808, saa sita mchana, hakuna hata tanga moja lililoonekana. Ngome ikafunguliwa. Askari waliotoka walikuwa wazima na wenye afya, wakapita mbele ya Warusi wakaweka silaha chini. Akiba ya baruti ilikuwa bado ipo. Na lililoumiza zaidi ni vyombo vile. Cronstedt alikuwa ameagizwa avichome moto kama ngome ikiwa hatarini, ili adui asivipate. Hakuvichoma. Warusi wakavichukua vyote, wakavitumia kupigana na Waswidi kiangazi kile kile.

Baada ya hapo vita vilikuwa vigumu kwa Uswidi. Mwezi wa Machi 1809 maofisa wake walimkamata Mfalme Gustav IV Adolf, akapoteza kiti chake. Tarehe 17 Septemba, 1809, amani ilitiwa sahihi, na Ufini yote ikapewa Urusi. Ikakaa chini ya wafalme wa Urusi miaka mia moja na zaidi, mpaka ilipojitangazia uhuru tarehe 6 Desemba, 1917.

Huko Uswidi Cronstedt alihukumiwa kuwa haini. Hakurudi, wala hukumu haikutimizwa, kwa sababu mkataba wa amani uliwasamehe watu waliokuwa upande wa Urusi. Alipewa malipo ya uzeeni na serikali ya Urusi, akakaa katika shamba lake la Herttoniemi karibu na Helsinki mpaka alipokufa mwaka 1820. Baadaye mshairi mkuu wa Ufini, Johan Ludvig Runeberg, alitunga shairi juu ya Sveaborg, na ndani yake alikataa hata kulitaja jina la kamanda yule. Mshindi wa Svensksund akawa mtu asiye na jina.

Sasa turudi kwenye swali letu. Je, Cronstedt alikula rushwa? Wengi walisema hivyo, hasa kwa sababu ya malipo yale aliyopata kwa Warusi. Lakini kulipwa baada ya jambo si ushahidi kwamba ulinunuliwa kabla yake, na hakuna aliyeweza kuthibitisha kwamba aliuza ngome. Wengine wanasema alikuwa na kinyongo na Mfalme. Huenda. Wengine wanasema alihurumia wake na watoto na kuona kwamba Ufini imekwisha potea. Huenda pia. Na wengine wanasema kwamba kumlaumu yeye peke yake kuliwafaa watu wengi, maana jina moja likibeba aibu yote, hakuna atakayeuliza kwa nini Mfalme aliingia vitani bila kujitayarisha.

Mimi nitakuambia ninavyoona, kisha wewe utaona yako. Huko Svensksund, Cronstedt alimwona adui kwa macho yake. Aliona upepo, aliona mawimbi, akajua la kufanya. Huko Sveaborg hakuona kitu ila barafu na kuta. Mambo yaliyomfanya aamue alisimuliwa na adui. Akayapima maneno ya adui kana kwamba ni maneno ya shahidi asiye na upande, na huko ndiko kosa lake lilikoanzia. Kuta za Sveaborg hazikuvunjika. Kilichovunjika ni moyo wa mtu mmoja aliyekuwa na funguo.

Wewe unayejifunza kusoma sasa, utakutana na karatasi nyingi. Barua, matangazo, magazeti. Kila karatasi imeandikwa na mtu, na mtu huyo ana haja yake. Jizoeze kuuliza mambo matatu: Nani ameandika? Anataka nifanye nini? Na je, habari hii ninaweza kuipata kwa njia nyingine? Kujua kusoma bila kuuliza maswali hayo ni nusu ya elimu.

Ngome ile ipo hata leo. Tangu mwaka 1918 inaitwa Suomenlinna, yaani Ngome ya Ufini, na mwaka 1991 iliwekwa katika orodha ya urithi wa dunia. Watu huenda kwa feri kutoka Helsinki, wakatembea juu ya kuta ambazo mizinga haikuzivunja.

Maswali ya kuzungumza darasani:

1. Kwa nini Warusi walichagua kuanza vita wakati wa baridi?
2. Upepo ulimsaidiaje Cronstedt mwaka 1790?
3. Kama ungekuwa mkuu wa ngome, ungekubali sharti la manowari tano? Toa sababu.
4. Taja habari moja uliyopata kuiamini, kisha ukagundua si kweli. Nani aliileta, na kwa nini?

Jibu la swali la nne liandike katika daftari lako, hata kama ni mistari mitatu tu. Kwa herini, mpaka somo lijalo.